Mashua ya kwenda Takwa: nahodha anayemfaa mwandishi wa skripti

Kazi yangu ni kuandika skripti za dokumentari za safari, wiki ilopita nilikua Lamu siku 4 na kruu ya watu 3, na huyu mzee wa mashua tuliempata pale jeti ya mjini lazima niwaambie wenzangu wa kazi hii.

Mwaka jana mtembeza wageni mmoja alitupeleka Takwa, yale magofu ya mji wa kale kisiwani Manda, maji yakiwa yanakupwa, tukakwama kwenye tope la mikoko masaa mawili na jua lile, afu hadithi alizonipa nikaziandika vile vile, kuja kuzikagua nusu hazina kichwa wala miguu, nikafuta kurasa 6 na sauti ishanaswa tayari. Iliniuma sana. Manake mtazamaji hamjui mtembezaji, anaijua ile sauti tu, kwahiyo uongo ukipita ni wangu mimi.

Safari hii prodyuza alitaka tutoke saa moja asubuhi apate mwanga mzuri, mzee akachovya upondo majini akatuonyesha pale maji yalipoishia, akasema "mwanangu, kule ndani saa hizi mtatembea kwa miguu, ngojani saa sita yajae". Tukangoja. Tulipoingia mikokoni akazima mashine bila kuambiwa akaanza kupiga upondo, mtu wa sauti akapata dakika 8 safi za maji yakigonga mizizi, nami pale pale nikakata aya nzima, manake sekunde 12 za picha zabeba maneno kama 20 tu na hapo hata moja halikuhitajika.

Kule msikitini nikamuuliza, ammi, hii nguzo juu ya kibla ni ya nini? Akasema "wako wasemao kuna sheikh kazikwa hapo, mimi nimesikia tu". Mbona watu walihama? Akanipa sababu mbili, visima kuingia chumvi na ugomvi na mji wa Pate, kisiwa cha jirani, akakataa kabisa kunichagulia. Lakini kwamba walivuka wakahamia Shela, kijiji cha ng'ambo kisiwani Lamu, na kwamba watu wa Shela huenda Takwa kuomba mvua, hapo hakusita, bibi yake mwenyewe alikua akienda. Basi kwenye skripti nikaweka "inasemekana" penye inasemekana, na Shela nikaiandika moja kwa moja.

Bei 6,500 mashua nzima kwenda na kurudi, tulipatana kabla. Kasoro zipo: hakuna kivuli, kamera ilichemka mpaka tukaifunika kikoi, na majaketi ya kuokolea yalikua 3 na sisi tuko 4, hiyo nilimwambia wazi airekebishe na alikubali. Risiti hana, andika yako akutilie sahihi. Kiingilio cha Takwa mnalipa wenyewe na vibali vya kurekodi video vishughulikieni kabla hamjafika Lamu.

Disemba narudi kwa kipindi cha Pate, nishamwambia aangalie siku za bamvua, maji yakijaa sana, tupite Mkanda, ule mlango mwembamba kati ya Manda na bara, bila kukwama.