Glavu za konabeki kwenye mitumba ya Malindi

Mali ya konabeki, yaani beki wa pembeni wa futiboli ya Marekani anayemkaba mpokeaji wa pasi, ni nzuri, ila chagua kwa mkono, si kwa macho. Gandamiza viganja vya glavu pamoja, kisha vitenganishe: silikoni nzima (tabaka la kunata la viganjani) hung'ang'aniana, na hutoa sauti kama plasta ikibanduliwa. Zikiachana kimya, mnato umekwisha, waachie wenyewe. Vumbi na chumvi ndivyo huua mnato, kwa hiyo osha kwa maji baridi na sabuni kidogo, anika kivulini. Saizi ibane, kidole kikipwaya, mpira huponyoka.

Ukibahatika kupata jezi ya Jets (timu ya New York) namba 24 ya Darrelle Revis (konabeki hasa, aliyemkaba mpokeaji peke yake bila msaada), kagua namba: ya kushonwa hudumu, ya kubandikwa huharibiwa na pasi.