Duka la tairi Ndeeba, Vitz yangu imepona
Wenye Vitz someni hii. Mwaka jana fundi mmoja mjini alinishawishi niweke rimu za inchi 15 na tairi 195/50, gari likapendeza kweli, ila nikibeba watu watatu nyuma tairi linakwaruza fenda krrr, na mashimo ya Kampala mnayajua, tairi lenye ubavu mfupi hivyo halina pa kunesa, rimu mbili zikapinda kabla hata ya Krismasi.

Juzi nikaenda kaduka kamoja Ndeeba nikarudia saizi ya kiwandani, 165/70R14. Mzee wa pale hana haraka, kwanza akafungua mlango wa dereva akanionyesha kibandiko cha saizi na upepo, halafu akageuza tairi akasoma namba nne za mwisho za DOT, ile alama ya ubavuni, 2324, yaani limetengenezwa wiki ya 23 mwaka 2024. Mimi nilikuwa nimeng'ang'ania lingine linalong'aa, kumbe la 2017, limepakwa dawa tu!

Balansi ya magurudumu wanafanya, alaimenti (kuyanyoosha yaelekee sawa) hawana. Kusubiri nako ni saa mbili juani, benchi lenyewe moja. Ila usukani sasa mwepesi na kelele zimeisha. Nyota nne, ya tano nitawapa wakiweka kivuli.