TAHADHARI: Anayeuza bunduki ya "urithi" Mbeya na Chunya, msimtumie hela

Ndugu zangu wa Mbeya, Chunya, Mbarali mpaka Iringa, hasa wakulima na wanaonunua dhahabu machimboni: kuna mtu anazunguka akiuza shotgani ya "marehemu baba yake" pamoja na kitabu chake cha umiliki. Laki nne zangu zimekwenda hivyo.

Nalima mahindi upande wa Chunya. Msimu huu nguruwe pori wameingia shambani tangu mahindi yaanze kubeba, na kukesha tukigonga madebe kumetuchosha, mimi na wanangu. Nikawa naulizia kwa watu namna ya kupata bunduki ya halali. Siku ya tatu nikapigiwa simu na mtu nisiyemjua, tukakutana Mwanjelwa.

Ana lugha nzuri, "shikamoo mzee wangu" kila sentensi. Akanifungulia kitabu: picha ya mzee, mihuri, namba ya silaha. Hakukubali nikipige picha. Akasema baba yao amefariki, familia imekubaliana kuuza, na kubadilisha jina ni wiki moja tu kwa sababu ana mtu wake ofisini. Bei milioni moja na laki mbili, advansi laki nne. Nilipotuma, jina lililotokea kwenye simu lilikuwa la mwanamke na ukoo haufanani na wa kwenye kitabu. Nililiona, na bado nikabonyeza namba ya siri. Nguruwe walikuwa wamenimaliza akili.

Kabla ya kumalizia hela iliyobaki, mwanangu mkubwa akasema, "Baba, twende polisi tukaulize kwanza." Namshukuru Mungu kwa huyo kijana.

Afisa aliyetupokea alitueleza jambo ambalo naomba mlishike. Leseni haihami pamoja na bunduki. Inatolewa kwa mtu fulani, kwa silaha fulani yenye namba fulani. Mwenye leseni akifariki, familia inapaswa kuikabidhi silaha polisi, na mtoto akiitaka anaomba upya kwa jina lake. Kwa hiyo hata kama mzee wa pichani alikuwepo kweli na kitabu ni halisi, yule muuzaji hakuwa na haki ya kuniuzia. Mimi nilikuwa nahangaika kujua kama muhuri ni wa kweli!

Na ningeichukua, ningekuwa mshitakiwa. Kumiliki silaha bila leseni ni kosa chini ya Sheria ya Udhibiti wa Silaha na Risasi ya mwaka 2015, na limewekwa pia kwenye jedwali la Sheria ya Uhujumu Uchumi. Dhamana yake si ya kuombea pale kituoni.

Njia yenyewe ni ndefu: unaanzia serikali ya kijiji au mtaa, kata, polisi wilaya na kamati ya usalama, mkoa, hadi kwa msajili wa silaha. Kibali kinatangulia, ndipo unakwenda kununua kwa muuzaji mwenye leseni ya biashara hiyo. Anayekuonyesha bunduki kwanza na kukuahidi karatasi baadaye, mkimbie.

Kama tayari umeshaichukua kwake, usiifukie wala usimpe jirani akutunzie. Mwone mtendaji wako, mwende polisi pamoja. Mwaka 2022 serikali ilitoa msamaha wa miezi miwili, Septemba na Oktoba, kwa waliosalimisha silaha wenyewe, lakini usikae nayo ndani ukingoja tangazo jingine.

Namba aliyonipigia haipatikani tena, kwa hiyo atakuja kwenu na nyingine. Mtamjua kwa hadithi ya marehemu baba, kitabu kisichopigwa picha, na jina la mwanamke kwenye muamala. Nimeshafungua jalada. Uliyetapeliwa kama mimi, nenda kituoni na ujumbe wa muamala wako. Usiufute kwa aibu.