Komisyonere aliyenitafutia nyumba Goma: uzoefu wangu

Mwenye nyumba wetu wa Katindo aliuza parseli, yaani kiwanja, na mnunuzi anataka kupandisha etaji, ghorofa. Wapangaji wote tukaambiwa tuhame. Jirani akanipa namba ya komisyonere mmoja, yaani dalali wa nyumba, kijana wa simu mbili, nyumba za mji mzima anazo kichwani.

Kwa kutafuta, namsifu. Hakunizungusha Ndosho na Majengo kutwa ili ale nauli ya pikipiki, kama wafanyavyo wenzake. Ila ulimi wake! Nyumba ya mbao yenye bati lililotoboka kwake ni "villa ndogo". Bomba kavu "linapumzika tu, mama".

Hayo nilicheka. Ya Keshero sikucheka. Alinionyesha nyumba nzuri ya matofali, rahisi ajabu, imekaa bondeni. Nikamuuliza habari ya mazuku, ile gesi ya volkano inayoua. Akaapa kwamba hayo ni mambo ya huko Bulengo, si ya hapa. Nikamfuata mama wa jirani aliyekuwa anafua.

"Dada, una watoto?" akaniuliza kwanza. Kisha akanionyesha shimo nyuma ya jiko, ambako asubuhi hukuta panya na mijusi wamekufa. Gesi ile haina harufu, ni nzito kuliko hewa, hujaa mabondeni usiku upepo ukitulia. Wanangu wanalala kwenye godoro chini. Kugeuka, komisyonere yuko kwenye simu, eti mtandao unasumbua.

Tuliyoipata mwishoni iko juu, Himbi, jiwe la lava hadi mlangoni, maji ya kubeba kwa bidoni, madumu. Mwenye nyumba akadai garanti, yaani amana ya kodi, ya miezi sita. Hapo kijana alistahili komisyo yake: akamkumbusha sheria ya Kongo ya tarehe 31 Desemba 2015, kwamba garanti ya nyumba ya kuishi isizidi miezi mitatu. Wakabishana weee, wakakubaliana minne! Benki zilikuwa zimefungwa tangu Januari 2025, kwa hiyo nililipa noti mkononi, na mzee aliinua kila noti ya dola juani, akazirudisha mbili zenye mikunjo.

Komisyo ilikuwa kodi ya mwezi mmoja. Nilimpa baada ya kushika ufunguo na karatasi yenye sahihi. Alitaka kabla, nikakataa.

Nyota tatu kati ya tano. Ya nne ningempa kama habari ya bonde ingetoka kinywani mwake. Nyumba ile bado anaitangaza kwenye WhatsApp, na bei imeshuka tena.