TAHADHARI: Anayeuza "jiwe la wakati" linalong'aa gizani ni tapeli

Ndugu zangu wapenzi wa mawe na wa hadithi za kubuni, kuna muuzaji anapita kwenye makundi yetu akinadi kitu anachokiita jiwe la wakati. Kwenye hadithi na michezo tumelizoea: madini yanayowaka kutoka ndani, ukiyashika saa inasimama, ukiyavaa huzeeki. Mtu huyu amechukua hadithi hiyo akaifanya bidhaa. Anadai ni madini halisi yaliyochimbwa ardhini, yanapunguza kasi ya wakati kwa aliyeyavaa, na kwamba mwanga wake ndio ushahidi. Msimtumie pesa.

Nimeshika vipande vya watu waliokwisha kulizwa naye. Ni gundi ya plastiki iliyogandishwa pamoja na unga unaong'aa. Kiangalie kwa kioo cha kukuzia utaona viputo vya hewa vya mviringo vimenasa ndani, na ubavuni kuna mstari mwembamba pale pande mbili za kalibu zilipokutana. Jiwe la ardhini halina mshono. Tena ni chepesi, na ukikigusisha shavuni hukuti ule ubaridi wa jiwe.

Unga wa aina hii si siri. Unaouzwa zaidi siku hizi ni kemikali iitwayo strontiamu aluminati, iliyotiwa kidogo metali za europiamu na disprosiamu, uvumbuzi wa Wajapani wa miaka ya 1990. Hunyonya mwanga kisha huutoa polepole kwa saa nyingi. Ndiyo sababu anawaambia wateja waliweke jiwe juani "lipate kuamka". Lifungieni ndani ya sanduku lisilopenya mwanga kwa siku kadhaa, mfungue usiku. Litakuwa limefifia kabisa.

Sasa ile video yake ya saa ya mkono inayosimama ikisogezwa karibu na jiwe, maana ndiyo iliyowanasa wengi. Ni sumaku. Sumaku yenye nguvu huweza kusimamisha saa ya mishale, iwe ya springi au ya betri, na ni rahisi kuifukia ndani ya gundi. Sogeza sindano ya kushonea karibu na jiwe uone kama itavutwa. Halafu mwombe arudie jaribio kwa saa ya tarakimu. Wanaomwomba hivyo huwafungia mawasiliano.

Lakini kinachonitisha kuliko pesa ni afya za watu. Kama kipande kinaendelea kung'aa baada ya kukaa gizani muda mrefu, huenda kina kitu cha mionzi. Radiamu, metali yenye mionzi iliyogunduliwa na wanasayansi Marie na Pierre Curie mwaka 1898, ilipakwa kwenye nyuso za saa ili zisomeke usiku. Wasichana waliokuwa wakipaka rangi ile viwandani Marekani walichonga ncha za brashi kwa midomo, na wengi wao wakaoza taya, wakavunjika mifupa, wakafa. Nusu ya radiamu huchukua miaka 1,600 hivi kuisha, kwa hiyo saa ya zamani iliyokwisha kuzima bado ina mionzi yake. Na haya si ya kale tu. Desemba 2021 mamlaka ya usalama wa nyuklia ya Uholanzi, ANVS, iliwataka watu waache mara moja kuvaa vidani, bangili na hata kitambaa cha kufunika macho wakati wa kulala vilivyouzwa kama kinga ya afya, baada ya kuvipima na kuvikuta na mionzi. Huyu wetu naye anashauri jiwe lilazwe chini ya mto wa mtoto!

Inaniuma zaidi kwa sababu mawe yanayotunza wakati yapo kweli. Chembe za kwatzi, madini ya kawaida ya mchangani, ndani ya chungu cha kale hukusanya nishati tangu chungu kilipochomwa. Wataalamu wakizipasha moto maabara hutoa mwanga hafifu, na kwa mwanga huo hukadiria umri wa chungu. Chembe kongwe kabisa za madini ya zirkoni kutoka Jack Hills, Australia, zina miaka bilioni 4.4 hivi. Hakuna hata moja kati ya hizo inayomzuia mtu kuzeeka.

Aliyekwisha kununua asilikate, asilisugue kwa msasa wala kulitoboa, kwa sababu vumbi lake likivutwa puani au kumezwa ndiyo hatari kubwa. Litie kwenye chombo chenye kifuniko, mbali na watoto. Likiendelea kung'aa bila kupata mwanga, wasiliana na mamlaka ya mionzi ya nchi yako walipime. Msifute mazungumzo yenu naye wala risiti za malipo, polisi watavihitaji. Jina la akaunti analibadilisha kila anapofichuliwa, ila picha ni zilezile: jiwe la kijani juu ya kitambaa cheusi, na maneno "limebaki moja tu". Mkiiona akaunti ya namna hiyo tena, iwekeni hapa chini haraka kabla mwingine hajalipa.