Outer Wilds: dakika 22 halafu jua linalipuka, na bado nataka kurudi

Jana usiku nimemaliza gemu ya Outer Wilds na nimekaa kama nusu saa nimeshika pedi tu, hata kuzima sijazima. Nikaona bora niandike sasa hivi kabla haijapoa. Ambao hamjaicheza msiogope, mwisho wake sisemi na sababu ya jua kulipuka pia sisemi, maana ukishaijua siri yake ndo basi tena, huicheza mara ya pili kwa macho yaleyale.

Iko hivi. Wewe ni mwanaanga wa kijiji kidogo kwenye sayari ya Timber Hearth, unapewa chombo cha mbaombao kilichoungwaungwa, unaruka. Ikifika dakika ya 22 jua linalipuka, kila kitu kinakwisha, halafu unafumbua macho uko palepale pembeni ya moto ulipoanzia. Ukifa mapema, labda umeishiwa hewa au umejibamiza kwenye mwezi, ni vilevile, unarudi kwenye moto. Hakuna silaha ya kuongeza wala levo wala hela za kukusanya. Unachorudi nacho ni ulichokijua tu, na kompyuta ya chombo inakutunzia vipande vya ulichokigundua.

Kuna kitu nilikipita kama mara kumi bila kukitilia maanani. Ukifumbua tu macho, juu kabisa kuna sayari kubwa ya kijani, na karibu yake kitu kinapasuka, kipande kinafyatuka kwenda zake. Nilidhani pambo. Siku moja nikatulia nikajiuliza, mbona leo kimeenda kushoto na jana kilienda juu? Kila kitu kingine hapo kinajirudia sawasawa isipokuwa hicho, na hapo ndo nikajua watengenezaji wa hii gemu hawajaweka kitu bure humu ndani.

Yaani jua lenyewe ndo msimuliaji. Kuna sayari mbili pacha zinazunguka pamoja, mchanga unamiminika kutoka moja kwenda nyingine muda wote, kwa hiyo mlango uliokuwa umefukiwa mwanzoni unakuja kuwa wazi baadaye, na pango ulilopita ukitembea dakika za kwanza ukilirudia umechelewa mchanga unakupandisha mpaka darini unabanwa unakufa (imenitokea, sitaki tena). Sayari ya Brittle Hollow nayo ina shimo jeusi katikati na ardhi yake inamegeka kipande kwa kipande inadondokea humo. Kwa hiyo stori hii huifuati kwa sura ya kwanza na ya pili, unaifuata kwa saa, uko wapi na ni dakika ya ngapi. Na wale watu wa kale, Nomai, wameandika ukutani kwa mistari ya kujiviringa, mmoja anaandika mwenzie anajibu kwa tawi linalochipuka kwenye mstari wake, unasoma mazungumzo ya watu waliokufa zamani sana na unajikuta unawapenda.

Ila kilichonishika zaidi ni Chert. Huyu ni mwanaanga mwenzako, yuko kwenye moja ya zile pacha anapiga ngoma na kuhesabu nyota. Ukimfuata mapema ni mchangamfu, anapiga stori. Ukimfuata baadaye ameshaanza kuona nyota nyingi mno zinazimika. Ukienda dakika za mwisho ameelewa. Nilimtembelea mizunguko minne tofauti, kila mara saa tofauti, na ni mtu yuleyule, hakumbuki kama nilikuja, mimi ndo nakumbuka. Ile ilinibana kifua kweli.

Kwa wanaopenda sayansi, jua letu halitalipuka hivi, ni dogo mno, nyota inatakiwa iwe na uzito wa kama mara 8 ya jua kwenda juu. Letu litavimba liwe jekundu baada ya miaka kama bilioni 5. Humu linavimba na kuwa jekundu ndani ya huo mzunguko mmoja, linasinyaa ghafla, halafu bluu tupu. Sijali, maana kila nikiona limeanza kuwa jekundu moyo unaniambia harakisha.

Kasoro zipo. Kuendesha chombo kunachosha mwanzoni, angani hakuna breki, ukishika mwendo lazima uusukume nyuma mwenyewe, na kuna safari utairudia mara sita kwa sababu ya kosa moja dogo. Kuna sehemu inaitwa Dark Bramble, inatisha, wenye roho nyepesi mjiandae. Pia maandishi ni mengi na Kiswahili hakimo, kwa asiyependa kusoma itamshinda.

Ilianza kama kazi ya shahada ya uzamili ya mbunifu wake, Alex Beachum, ikatoka 2019, na 2020 ikapewa tuzo ya BAFTA (ya Uingereza) ya gemu bora. Ilistahili.

Ukiinunua vaa hedifoni. Una kifaa cha kunasa sauti, na wanaanga wenzako kila mmoja yuko kwenye sayari au mwezi wake na chombo chake cha muziki, benjo, filimbi, harmonika, ngoma, mwingine anapiga mluzi tu. Ruka mbali mpaka sayari zote zikae mbele yako, elekeza hicho kifaa, usikilize. Wote wanapiga wimbo mmoja.