Msaada wa kisheria nyuma ya soko: waliponifundisha kusikilizwa

Kama una kesi mahakama ya mwanzo na wakili humudu, nenda kwa wasaidizi wa kisheria wenye chumba kimoja nyuma ya soko hapa kwetu Morogoro. Huduma ni bure, unalipia fotokopi tu. Naandika kwa sababu najua wapo wanaolipa madeni wasiyodaiwa kwa kuamini kwamba hukumu ikishatoka, basi tena.

Mimi ni fundi cherehani. Dalali wa mahakama alikuja dukani na amri ya kukamata cherehani zangu kwa deni la vitambaa, shilingi 1,150,000. Kesi ilikuwa imesikilizwa upande mmoja hadi ikaisha, na mimi sikuwahi kuitwa.

Msaidizi niliyemkuta ni mama wa makamo. Nikaanza kumweleza habari za vitambaa, akanikatiza kwa upole: "Deni tutalifikia, mwanangu. Samansi, ile hati ya kukuita mahakamani, alipokea nani?" Akanituma masjala ya mahakama nikaombe kusoma jalada la kesi. Humo mlikuwa na samansi yenye jina langu na saini nisiyoijua, imeandikwa nilikabidhiwa mkononi, dukani. Siku hiyo mimi nilikuwa wodini najifungua! Tarehe ya kuzaliwa mwanangu iko kwenye kadi yake ya kliniki.

Hapo ndipo aliponifungulia Katiba, Ibara ya 13(6)(a), inayosema mtu ana haki ya kupewa "fursa ya kusikilizwa kwa ukamilifu" pale haki na wajibu wake vinapoamuliwa. Akanieleza pia kesi ya Mbeya-Rukwa Autoparts, ambamo Mahakama ya Rufani ilisema haki hiyo ni ya kikatiba. Na kuna msimamo wa mahakama hiyohiyo ulionishangaza zaidi: uamuzi uliotolewa bila kumsikiliza mhusika hubatilishwa hata kama angesikilizwa na matokeo yakawa yaleyale. Kwa hiyo sikuhitaji kwanza kuthibitisha kwamba sidaiwi. Nilihitaji kuonyesha kwamba sikuitwa.

Wapo wanaolalamika kwamba hawa wasaidizi hawakusimamii mahakamani. Ni kweli, Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017 haiwapi kazi ya uwakili. Wanaelimisha, wanashauri, wanakusaidia kuandaa nyaraka. Lakini mimi nasema kazi yao kubwa iko hapohapo. Mama yule alinisimamisha katikati ya chumba, yeye akakaa kama hakimu, akaniambia nieleze. Nikaanza na machozi na tabia mbaya za mdai. Akanirudisha mwanzo. Tarehe kwanza. Sema ulichokiona, ulichosimuliwa mwache aliyekiona aje akiseme. Ukipewa nafasi ya kumhoji shahidi, uliza swali fupi kisha unyamaze umsikilize, usimhutubie. Kielelezo kitoe wakati unakitaja, usikiache kwenye mkoba hadi hakimu ameshaandika mambo mengine. Tulirudia hadi nikaweza kusema shauri langu lote bila sauti kutetemeka.

Mahakamani nilisema hivyohivyo. Hukumu ikatenguliwa, kesi ikaanza upya, safari hii nikiwa na daftari langu la mali kauli, yaani bidhaa za mkopo. Mwisho ilionekana nadaiwa 380,000, nami nailipa kwa awamu. Nalipa bila kinyongo, maana hesabu hiyo ilifanywa nikiwepo.

Mambo mawili wayarekebishe. Chumba hakina hata pazia la kutenga, kila mtu kwenye benchi anasikia shida yako. Nilimwona dada mmoja mwenye kesi ya kipigo cha mume akinong'ona hadi akakata tamaa, akaondoka. Hilo linaniuma, kwa sababu mtu wa namna hiyo ndiye hasa anayehitaji mahali pa kusema. Pili, wanafungua Jumanne na Alhamisi tu. Rufaa kutoka mahakama ya mwanzo kwenda ya wilaya ina siku 30, na siku hizo hazimsubiri mtu. Aliyefika Ijumaa wiki ya mwisho afanyeje? Angalau wabandike mlangoni namba ya simu.

Ukienda, beba kila karatasi uliyonayo, hata ile unayodhani haina maana. Fika kabla ya saa mbili asubuhi, maana ikifika saa nne foleni imeshatoka nje.